Machalari ya Shangazi na Ulimi wa Bibi

Krismasi ya mwaka juzi, nyumbani kwetu Masama, nilimdanganya bibi yangu kuhusu chakula alichokuwa anakula. Uongo wenyewe ulikuwa wa neno moja tu. Nimeuandika na kuufuta mara kadhaa kwenye daftari langu, na kila nikiufuta unarudi. Leo nimeamua kuuleta hapa, kwa wasomaji ambao mmezoea kubishana nami juu ya riwaya na mashairi. Mtanivumilia kama safari hii tunaanzia jikoni.

Wanaotoka kwetu wanajua Desemba ilivyo. Mabasi yanajaa, Dar inapumua, na Wachaga tunapanda mlimani kama vile kuna mtu katuita kwa jina. Unashuka Kwasadala na mizigo yako, unatafuta usafiri wa kupanda juu, na kadiri unavyopanda ndivyo vumbi linavyobaki nyuma na migomba inavyokukaribia. Mwaka huo shangazi yangu alitokea mbali kuliko sisi wote. Alitoka Texas, ambako ameishi karibu miaka ishirini. Alikuja na masanduku mawili, na moja kati ya hayo lilinukia viungo hata kabla halijafunguliwa. Akatangaza kwamba siku ya Krismasi jiko ni lake.

"Nitawapikia chakula cha kwetu," alisema. Kaka yangu mkubwa akauliza kwetu ipi. Shangazi akacheka, lakini sikumwona akijibu.

Chakula chenyewe kina ukoo wake. Waingereza wana pai ya nyama ya kusaga na viazi: nyama iliyokaangwa inalazwa chini, viazi vilivyopondwa vinafunikwa juu, kisha chombo kinaingia kwenye oveni mpaka juu kuwe na rangi ya kahawia. Ni chakula cha nyumbani, cha watu wasiopenda kutupa kilichobaki. Wamarekani wa kusini-magharibi, kuanzia Texas hadi New Mexico na Arizona, wanakigeuza kwa vitu vya kwao: pilipili, mahindi, maharage, bizari nyembamba, na jibini linaloyeyuka juu. Shangazi naye akakigeuza kilichokwisha geuzwa. Aliviacha viazi sokoni, akataka ndizi mshare kutoka kihambani kwa mama yake.

Tulimenya chane nne asubuhi, mikono imepakwa mafuta ili utomvu usitugande, kila ndizi ikitoka kwenye ganda inaingia kwenye maji isije ikawa nyeusi. Tukazichemsha, tukaziponda kwa mwiko pamoja na siagi na maziwa. Nyama ya kusaga, kilo mbili, akaikaanga na vitunguu, nyanya, hoho na bizari nyembamba. Akatia maharage yaliyokwisha chemshwa, mahindi mabichi yaliyopukuchuliwa, na unga wa pilipili uliofukizwa moshi, ule aliokuja nao. Oveni hatuna. Tulipanga kwenye sufuria pana, nyama chini, ndizi juu yake, jibini juu ya ndizi, tukafunika, moto mdogo chini na makaa juu ya mfuniko. Baada ya nusu saa tukafunua. Nikwambie ukweli, msomaji: kilikuwa kitamu sana. Watoto walikwangua sufuria.

Bibi yangu ana miaka themanini na kitu, na yeye mwenyewe hana uhakika na hicho kitu. Macho yake yamefunikwa na mtoto wa jicho, anaona mwanga na vivuli tu. Mwaka huo pia alikuwa ameanza kusahau. Aliwaulizia watu tuliokwisha wazika. Alimwita baba yangu kwa jina la ndugu yake. Sisi wengine tukawa tumeanza tabia ile mbaya ya kumzungumzia kwa sauti ya chini akiwa amekaa palepale.

Nilimwekea sahani mapajani, nikamshikisha kijiko.

"Ni nini hiki, mjukuu wangu?"

"Machalari, Bibi."

Kwa asiyeyajua, machalari ni ndizi mshare na nyama vilivyopikwa pamoja kwenye chombo kimoja mpaka ndizi zinalainika na mchuzi unakuwa mzito kidogo. Mtori ni ndugu yake: huko ndizi hupondwa kabisa ikawa supu nzito, na ndicho chakula tunachompelekea mwanamke aliyetoka kujifungua. Bibi amepika vyote viwili tangu akiwa msichana. Amewalea wazazi wa kijiji kizima kwa mtori wake. Nami nilisema machalari kwa sababu mikononi nilikuwa na sahani nyingine mbili, kwa sababu maelezo ya kweli yalikuwa marefu, na kwa sababu nilihofia akisikia "chakula cha Texas" atakisukuma kando, na shangazi atajisikia vibaya.

Bibi alitafuna kwa muda mrefu.

"Machalari?"

"Ndiyo, Bibi."

Akameza. "Basi hata ulimi umeniacha," alisema.

Watu walicheka. Alisema kama mzaha, na mimi nilicheka pia. Usiku nilipompeleka kulala nikamkuta, baada ya kuzima taa, anahesabu kwa vidole. "Mshare. Nyama yenye mfupa. Kitunguu. Chumvi. Maziwa mwishoni." Alinyamaza, akaanza tena tangu mwanzo. Kisha akaniuliza, "Kuna kitu nimekiacha?"

"Hapana, Bibi. Umevitaja vyote."

"Sasa mbona sikuvisikia?"

Sikumjibu. Nilimfunika blanketi nikatoka.

Kesho yake kaka na shangazi waligombana, na ugomvi wao ulinipa kisingizio cha kufikiria mambo makubwa badala ya jambo langu dogo. Kaka alisema chakula kile ni dharau. Machalari yana asili yake, alisema, na mwacha asili ni mtumwa. Leo tutatia jibini, kesho watoto watadhani mshare ni kitu cha kufunika nyama ya kusaga, keshokutwa hawatajua mshare ni nini. Alikumbusha kwamba mwaka 2011 shirika la FAO liliutambua mfumo wa kihamba, ule wa Shimbwe Juu, kuwa sehemu ya urithi wa kilimo wa dunia. Dunia inatuheshimu kwa kile tulichokihifadhi, alisema, sisi tunakiharibu siku ya sikukuu.

Nampenda kaka yangu, lakini hoja yake haisimami, na inaangukia palepale kihambani. Hebu tuhesabu. Mgomba wenyewe asili yake ni Asia ya Kusini-Mashariki. Umekaa mlimani kwetu siku nyingi mno hata tunauona kama tulizaliwa nao, lakini ulikuja. Nyanya tunazotia kwenye machalari zinatoka bara la Amerika. Maharage tunayochanganya na ndizi kupata kiburu yametoka hukohuko, pamoja na mahindi na pilipili. Vitu hivi havikuweza kufika kwetu kabla Wazungu hawajavuka bahari mwaka 1492, na Wareno hawajafika pwani yetu mwaka 1498. Viazi tunaviita viazi ulaya, na hilo nalo ni jina la kupotosha, maana Ulaya yenyewe iliviazima kutoka milima ya Andes. Na kahawa, ile iliyosomesha baba zetu, iliyowafanya wakulima waunde chama chao cha KNPA mwaka 1925 na kisha KNCU mwaka 1933, ililetwa mlimani na wamisionari mwishoni mwa karne ya 19. Leo hii ukimwambia mzee wa Machame kwamba kahawa ni mgeni kihambani, atakutazama kama mtu aliyekosa adabu.

Kwa hiyo kile shangazi alichokitoa kwenye masanduku kama maajabu ya Texas, mahindi, maharage, nyanya na pilipili, kilikuwa tayari kinaota nyuma ya nyumba. Kigeni hasa kilikuwa jibini, ule moshi wa pilipili, na mpangilio wa kuviweka tabaka kwa tabaka. Kama tungefukuza mezani kila kilichotoka mbali, tungebaki na chumvi na nyama, na pengine ulezi wa kutengenezea mbege. Asili ambayo kaka anailinda ni orodha ya wageni waliokaa muda mrefu.

Shangazi aliyajua haya yote, tena aliyasema vizuri kuliko mimi. Alitoa mfano wa jembe la babu: mpini umebadilishwa mara tatu, jembe lenyewe mara mbili, na bado tunasema ni jembe la babu, tena tunagombea nani alirithi. Mgiriki Plutarch aliuliza swali hilohilo kuhusu meli ya Theseus, ambayo mbao zake zilibadilishwa moja baada ya nyingine. Je, bado ni meli ileile? Shangazi akasema swali hilo ni la watu wenye nafasi. Kila kitu kinabadilika, basi hakuna aliyekosa. Ndizi zipo, nyama ipo, yeye ni mtoto wa nyumba hii, kwa nini yasiwe machalari? "Mgeni njoo, mwenyeji apone," alimalizia, na kaka akainuka akaenda kuwatazama ng'ombe.

Siku ile niliona shangazi kashinda. Bado naona kashinda, kwa swali lile walilokuwa wanagombania, yaani kama chakula kikibadilika kinabaki kilekile. Ila halikuwa swali lililokuwa linaninyima usingizi. Mimi nilikuwa namsikia Bibi akihesabu kwa vidole.

Ninyi mnaosoma hapa mnakumbuka mgogoro wa ushairi. Mwaka 1954 Sheikh Kaluta Amri Abedi alitoa Sheria za Kutunga Mashairi, na ndani yake vina na mizani vikakaa kama nguzo za nyumba. Miaka 20 baadaye, 1974, Euphrase Kezilahabi akatoa Kichomi, mashairi yasiyofuata sheria zile. Moto ukawaka. Ukiwasikiliza vizuri waliokasirika, hasira kubwa ilikuwa juu ya neno moja. Andikeni mpendavyo, walisema wengi wao, lakini msiite shairi. Lugha ilikuwa na neno lake tayari, guni, kwa tungo iliyokosa vina au mizani. Upande wa pili ukajibu kwamba shairi ni kubwa kuliko kanuni zake, na nadhani leo wengi wetu tunaishi upande huo wa pili. Tunamsoma Kezilahabi tukiwa tumetulia kabisa, na neno shairi limepanuka likamkaribisha.

Mimi mwenyewe nimekuwa upande wa Kezilahabi tangu sekondari. Kwa hiyo nilijiuliza: kama sikuona ubaya neno shairi kupanuka, kwa nini naona ubaya neno machalari kupanuka?

Nilichokipata, baada ya kulizungusha sana, ni hiki. Anayefungua Kichomi ana macho. Anaona mistari haina urari wa vina, anajua mara moja kwamba hapa kuna mtu anafanya jambo jipya, na anaweza kukubali, kukataa, au kufunga kitabu. Jina limetolewa na kitu chenyewe kimewekwa wazi pembeni yake, na msomaji anapima kimoja kwa kingine. Ubishi unawezekana kwa sababu pande zote mbili zinaona kinachobishaniwa. Bibi hakuona. Alikuwa na jina nililompa na kile kilichokuwa mdomoni mwake, na viwili hivyo havikukubaliana. Mtu akikutana na hali hiyo ana njia mbili tu: aseme aliyemwambia kasema uongo, au aseme yeye mwenyewe kaharibika. Bibi ananiamini. Basi akachagua kujitilia shaka mwenyewe.

Hapo ndipo nilipoona kwamba jina la chakula ni namna ya ahadi. Nikikwambia haya ni machalari, ninakuambia kinywa chako kijiandae kwa kitu unachokijua. Chakula kinaweza kubadilika kama kinavyotaka, lakini ahadi ina mtu aliyepewa, na mtu huyo ana haki ya kujua imebadilishwa. Watu wa biashara wanalijua hili kuliko sisi wa fasihi. Kule Japani, jina Kilimanjaro limeenea kiasi kwamba kahawa ya arabika kutoka sehemu nyingine za Tanzania, hata kusini kabisa, huuzwa kwa jina la mlima wetu. Hata hivyo wamejiwekea kanuni: kahawa ya kuchanganya ikitumia jina hilo sharti iwe na angalau asilimia 30 ya kahawa hiyo. Unaweza kusema 30 ni kidogo mno, na mkulima wa Masama ana sababu ya kununa. Lakini angalau kuna mtu aliyekaa chini akafikiria anayekunywa ana haki gani. Waingereza nao, wengi wao, wanashikilia kwamba ile pai ikiwa na nyama ya kondoo iitwe ya mchungaji, na ikiwa na nyama ya ng'ombe iitwe ya kibandani. Chakula ni kilekile karibu kabisa. Wanachokitunza ni ahadi.

Najua mtakavyonijibu, maana nimejijibu hivyo mwenyewe.

La kwanza: majina ya vyakula hupanuka kila siku na hakuna anayeumia. Dar kuna watu wanapika mtori wa viazi, wakikosa mshare, na wanauita mtori. Ni kweli, nami nimeunywa. Ila walionywa pale wanajua wako Dar, wanajua mshare ni ghali mjini, na wakionja viazi hawashtuki. Jina limenyooshwa mbele ya watu wote na watu wote wamekubali kwa kuendelea kunywa. Mimi sikunyoosha kitu mbele ya Bibi. Nilinyoosha nyuma yake.

La pili: nia yangu ilikuwa njema. Nilitaka ale, nilitaka shangazi afurahi, nilitaka sikukuu iende. Na je, hatuwadanganyi watoto kila siku, tukisaga mchicha ndani ya kitu wanachokipenda? Tunawadanganya. Lakini mtoto ana maisha marefu ya kusahihishwa. Anajenga nyumba ya kumbukumbu zake, ukimpa tofali bovu leo atalibadilisha kesho. Bibi yangu yuko kwenye kazi nyingine kabisa. Yeye anahangaika kuizuia nyumba isianguke. Kila asubuhi anagusa nguzo zilizobaki, hili nalijua, lile nalijua, na nguzo imara kuliko zote ilikuwa jiko lake. Angeweza kusahau jina la baba yangu lakini si ladha ya mshare na mfupa. Na mimi, kwa neno moja, nilimsukumia ileile nguzo.

Halafu tunapenda kusema wazee ni maktaba. Tunasema misibani, tunaandika kwenye blogu kama hii. Siku ile niliingia maktabani, nikabadilisha ukurasa, na mwenye maktaba alipolalamika kwamba ukurasa haufanani na anavyoukumbuka, nikamwambia ndio uleule.

La tatu ndilo gumu. Mtu anaweza kusema: ungemwambia ukweli, angekataa kuonja. Chuki ya kitu kipya nayo ni kosa, na uongo mdogo ungemsaidia kuishinda. Huenda kweli angekataa. Lakini kukataa kwake kungekuwa kwake. Angekaa na sahani ya wali, amenuna, akiwa na uhakika kwamba yeye ndiye anayejua machalari ni nini na sisi ndio tuliopotea. Ni afadhali bibi aliyenuna akiwa na akili zake kuliko bibi aliyeshiba akiwa na hofu.

Kwa hiyo, ukiniuliza leo kama ni ruhusa kukibadilisha chakula cha mababu, nitakujibu ni ruhusa, kitie hata jibini, mababu wenyewe walitia nyanya. Ukiniuliza kama ni ruhusa kukipa jina la zamani, nitakuuliza unampa nani, na kama anaweza kuona kilichomo kwenye sahani. Jina la zamani liko mikononi mwa wale wanaolikumbuka. Wanaweza kulipanua, na mara nyingi wanapanua, tena kwa ukarimu. Lakini wanapaswa kuombwa.

Tarehe 27 asubuhi, siku moja kabla ya kurudi Dar, niliamua kumwambia. Kwetu, mtu akimkosea mwenzake kosa zito hubeba jani la isale kwenda kuomba msamaha, na ni vigumu sana kulikataa jani hilo. Masale yameota mpakani mwa kihamba chetu, hatua kumi kutoka mlangoni. Nilisimama nikayatazama. Niliona nikichuma itakuwa kama maigizo, kosa la jikoni kulivalisha nguo za mgogoro wa ardhi. Nikaona pia kwamba nikija na isale nitakuwa namlazimisha anisamehe kabla hajajua anasamehe nini. Nikaenda mikono mitupu.

Alikuwa amekaa juani kwenye kigoda, nje ya jiko.

"Bibi, kile chakula cha Krismasi hakikuwa machalari."

Hakugeuka. "Kilikuwa nini?"

Nikamweleza vyote, kuanzia nyama ya kusaga mpaka jibini, na makaa juu ya mfuniko. Alisikiliza, midomo ikicheza kama anahesabu tena. Kisha nikaona uso wake unafunguka, hakuna neno lingine ninaloweza kutumia.

"Kumbe ulimi wangu mzima," alisema.

"Mzima kabisa, Bibi."

Alitabasamu kidogo. Nami nikadhani yameisha, nikaanza kuinuka. Akanishika mkono, kwa nguvu ambayo sikuitegemea.

"Siku mbili," alisema. "Siku mbili umeniacha nijitafute."

Sina cha kuongeza kwenye maneno hayo. Nilimwomba radhi, akasema amesikia. Hakusema amenisamehe, na sikumuuliza. Tulikaa hapo mpaka jua likapanda. Baadaye akauliza mahindi yale tuliyatoa wapi, nikamwambia shambani kwako, Bibi. Na maharage? Kwako. Na nyanya? Kwako. Akatafakari.

"Sasa huyo shangazi yako ameleta nini kutoka huko kote?"

"Jibini na moshi."

Akacheka, safari hii cheko la kweli. Nikamuuliza, kwa kuwa si machalari, tukiite nini. Akasema hilo si lake, waliokipika wakitafutie jina. Kisha akaniambia nichukue daftari, akanitajia machalari yake tangu mwanzo, na aliposema nyama yenye mfupa alirudia mara mbili, kama mwalimu anayemjua mwanafunzi wake.

Shangazi alirudi tena Pasaka ya mwaka jana na akapika tena. Chakula hakijapata jina bado. Watoto wanakiita "cha shangazi", na kaka yangu, nasema hili kwa furaha, aliomba kuongezewa. Kabla ya kumpa Bibi sahani nilikaa karibu yake, nikamtajia kilichomo kimoja kimoja. Alionja ndizi za juu, akasema zimepondwa vizuri ila chumvi imezidi. Nyama yenye pilipili hakuimaliza. Aliisogeza pembeni ya sahani kwa kijiko, bila kuona, akaniambia nimpelekee paka.